Mti wa Nasaba ya Viumbe: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara Arusha na Moshi

Ukurasa huu umetokana na maswali niliyoulizwa kwa miaka kadhaa katika vipindi vya jioni vya elimu ya viumbe, mara nyingine Arusha mbele ya waongoza watalii wanaojiandaa kwa msimu, mara nyingine Moshi mbele ya wanafunzi wa kidato cha tano na cha sita ambao mada ya uainishaji imekwisha kuwachosha. Sikuyapanga kwa ugumu wake, bali kwa jinsi yanavyozoea kufuatana ukumbini, na yale yanayozua ubishi nimeyajibu kwa urefu kuliko mengine.

Mti wa nasaba ni nini hasa?

Ni mchoro unaoonyesha ni viumbe gani wana undugu wa karibu na wepi wana undugu wa mbali, na undugu huo hupimwa kwa kigezo kimoja tu, yaani ni lini mara ya mwisho walikuwa na mhenga wa pamoja. Ncha za matawi ni viumbe wanaolinganishwa, ambao wanaweza kuwa spishi, makundi makubwa ya spishi, au hata virusi vilivyotolewa kwa wagonjwa mbalimbali. Kila panda, yaani mahali tawi linapogawanyika, husimama badala ya jamii ya wahenga ambayo uzao wake ulitengana. Mzizi ni mhenga wa wote waliomo mchoroni.

Waliokulia Uchagani huniambia kwamba jambo hili ni sawa na kuhesabu ukoo, nami huwakubalia nusu. Ukoo huhesabu watu, na kila mtu ana baba na mama; mti wa nasaba huhesabu jamii nzima za viumbe, na aghalabu huchukulia kwamba jamii zikishatengana hazichanganyiki tena. Dhana hiyo ya kutochanganyika tena haifai kila mahali, na zao linaloishtaki kuliko yote limepandwa vihambani mwetu, kama tutakavyoona mbele.

Kwa nini mnauita nadharia tete, wakati vitabuni umechorwa kama jambo lililokwisha?

Kwa sababu hakuna mtu aliyekuwepo kuyashuhudia yaliyotokea. Tulicho nacho ni viumbe waliopo leo, visukuku, yaani mabaki ya viumbe wa kale yaliyohifadhika miambani, na vinasaba. Mti ni maelezo tunayoyatoa kuhusu jinsi vitu hivyo vilivyopata kuwa hivi vilivyo. Maelezo hayo huitwa tete si kwa kuwa ni ya kubahatisha, bali kwa kuwa yametamkwa waziwazi kiasi kwamba ushahidi mpya unaweza kuyaangusha. Mtu anayemchora fisi upande wa paka badala ya upande wa mbwa amejifunga kwa utabiri: kwamba jeni ambazo bado hazijasomwa, pamoja na mifupa ambayo bado haijapimwa, kwa sehemu kubwa zitaelekea upande huohuo. Zikielekea kwingine, mchoro wake utafutwa.

Mwaka 1837 Charles Darwin alichora mti mdogo katika daftari lake, na juu yake akaandika maneno mawili ya Kiingereza yenye maana ya "nadhani". Kitabu chake cha mwaka 1859 kilikuwa na mchoro mmoja tu, nao ulikuwa mti. Baada yake Ernst Haeckel, mtaalamu wa viumbe wa Ujerumani, kuanzia mwaka 1866, alichora miti yenye shina nene na matawi ya kupendeza, na mmoja wa mwaka 1874 ulimweka binadamu kileleni kabisa. Kwa maoni yangu uzuri wa miti ile umetuponza, maana uliwafanya watu wadhani kwamba wanatazama picha ya kitu kilichoonekana, na kwamba kitu hicho kilikuwa kikipanda kuelekea kwetu. Aliyeurudishia mti nidhamu ni Willi Hennig, mtaalamu wa wadudu wa Ujerumani, ambaye kitabu chake cha mwaka 1950 kilisisitiza kwamba undugu uthibitishwe kwa sifa mpya ambazo viumbe walizirithi pamoja, si kwa kufanana kwa jumla.

Hata hivyo, kuuita mti nadharia tete hakumaanishi kwamba kila tawi lina uzito sawa. Tawi linalowaunganisha binadamu na sokwemtu limepimwa kwa njia nyingi na kwa sehemu kubwa ya vinasaba vyao, na hakuna mtaalamu anayetarajia kuliona likivunjika. Matawi mengine, hata katika mchoro huohuo, yananing'inia kwa uzi, na msomaji mwangalifu hujifunza kuuliza ni lipi ni lipi.

Nitausomaje bila kupotea?

Chagua ncha mbili, kisha rudi nyuma kutoka kila moja hadi njia zao zikutane. Panda hiyo ndiyo mhenga wao wa pamoja wa mwisho. Kadiri panda inavyokuwa karibu na ncha, ndivyo undugu unavyokuwa wa karibu. Hakuna kanuni nyingine ya msingi, ingawa watu wengi huongeza kanuni za kwao bila kujua.

Tumchukue fisi, ambaye kila mwongoza watalii amewahi kuulizwa habari zake. Umbo lake ni la mbwa, na mbio zake ni za mbwa, lakini wanyama wala nyama wamegawanyika katika pande mbili kubwa: upande mmoja wana mbwa, mbweha, dubu na sili, upande wa pili wana paka, simba, fungo, kanu, nguchiro na fisi. Ndani ya upande huo wa pili, waliokutana na fisi karibuni zaidi ni nguchiro na jamaa zao wa Madagaska. Kwa hiyo, ukitoka kwenye ncha ya fisi utaikuta panda ya nguchiro kabla ya kuifikia panda ya simba, na hapo ndipo huibuka swali linalowatega wengi: je, simba yuko karibu zaidi na fisi au na nguchiro? Jibu ni kwamba yuko sawasawa na wote wawili, kwa sababu njia yake ya kurudi nyuma inawakuta katika panda ileile moja. Niliwahi kulitoa swali hili kwa kundi la waongoza watalii wazoefu na wakabishana hadi chai ikapoa.

Kosa kubwa ni kusoma ncha kwa mpangilio wake, kana kwamba waliochorwa wakipakana ni ndugu kuliko waliochorwa mbali. Fikiri juu ya mizani ya sahani mbili iliyotundikwa dukani. Ukiizungusha, sahani iliyokuwa kushoto huja kulia, lakini zote mbili bado zimeshikwa na mtambo uleule. Kila panda ya mti inaweza kuzungushwa namna hiyo bila kubadilisha dai lolote la undugu, na ndiyo maana vitabu viwili vinaweza kuwa na michoro isiyofanana kwa macho ilhali vinasema jambo moja.

Je, aliyechorwa mwisho kulia, au juu kabisa, ndiye aliyeendelea zaidi?

Hapana. Ncha zote za viumbe waliopo leo zimesafiri muda sawa kutoka kwenye mzizi. Bakteria aliye kwenye bomba la maji ana historia ndefu sawa na ya anayeyanywa maji hayo.

Je, binadamu alitokana na sokwe?

Swali hili huulizwa kila mara, na kila mara ukumbi hunyamaza kusubiri jibu. Mti hausemi kwamba binadamu alitokana na sokwemtu tunayemwona Gombe. Unasema kwamba binadamu na sokwemtu ni ncha mbili zilizoachana katika panda moja, ambayo makadirio mengi huiweka kati ya miaka milioni 6 na 8 iliyopita, na kwamba mhenga aliyesimama kwenye panda hiyo hakuwa binadamu wala hakuwa sokwemtu wa leo. Sokwemtu naye amebadilika katika muda wote huo. Kusema tulitokana naye ni sawa na kusema kwamba umezaliwa na binamu yako.

Hapa kwetu jambo hili lina uzito wa pekee, kwa sababu sehemu ya ushahidi imetoka katika mkoa wetu wenyewe wa Arusha, katika bonde la Olduvai na pia huko Laetoli; ni Laetoli ambako mwaka 1978 zilipatikana nyayo za viumbe waliotembea kwa miguu miwili kiasi cha miaka milioni 3.66 iliyopita. Mwaka 1959 Mary Leakey, mtafiti wa mambo ya kale, aligundua Olduvai fuvu lenye magego makubwa ajabu, ambalo mumewe Louis Leakey alilipa jina la Zinjanthropus, na kwa muda akaamini kwamba huyo ndiye mhenga wetu aliyetengeneza zana za mawe zilizokuwa zikipatikana pale. Miaka michache baadaye, katika bonde hilohilo, yakapatikana mabaki ya kiumbe mwenye ubongo mkubwa zaidi na meno madogo zaidi, aliyepewa jina la Homo habilis mwaka 1964. Sifa ya kutengeneza zana ikahamishiwa kwake, na Zinj, ambaye leo wengi humwita Paranthropus boisei, akasogezwa kwenye tawi la pembeni ambalo halikuacha uzao. Fuvu ni lilelile, wala hakuna aliyeligusa; kilichobadilika ni mahali pake katika mti, baada ya ushahidi mwingine kupatikana.

Kuna funzo la kitaalamu katika kisa hicho. Siku hizi kisukuku hakiwekwi kwenye panda, hata kama umri wake unalingana, bali huwekwa kwenye ncha kama kiumbe mwingine yeyote. Hatuwezi kujua kwamba mfupa fulani ni wa mhenga mwenyewe na si wa ndugu ya mhenga. Tunaweza tu kusema ni wa karibu kiasi gani.

Perere ni ndugu wa tembo kweli, au ni hadithi ya kuwafurahisha wageni?

Ni kweli. Perere ni mnyama mdogo wa manyoya anayeishi mitini, jamaa ya pimbi wa miambani, nami huona undugu wake na tembo ndilo jambo zuri kuliko yote ya kumweleza mgeni aliyelala katika kambi ya msituni Kilimanjaro na kuamshwa na kilio cha perere usiku. Hata hivyo, lielezwe kwa usahihi, kwa sababu watu wengi hulieleza kama muujiza na kuuacha ushahidi nje.

Ushahidi wa mwili upo, ingawa ni wa kimya. Pembe ya tembo ni jino la mbele la kukatia lililorefuka, na jino kali la perere pamoja na pimbi nalo ni jino la mbele linaloendelea kukua. Lakini pembe za ngiri na za kiboko zinazoonekana sana ni chonge. Tembo dume, perere dume na pimbi dume wote wana korodani zilizobaki ndani ya tumbo. Vidole vyao vina kucha bapa zinazokaribia kuwa kwato. Kila sifa peke yake inaweza kupingwa, lakini zikijumlishwa zinaanza kuwa na sauti, na wataalamu wa karne ya 19 walikuwa wamekwisha kuisikia.

Vinasaba vilipoanza kusomwa kwa wingi katika miaka ya 1990, undugu huo haukuthibitishwa tu bali ulipanuka kwa namna ambayo wengi hawakuitazamia. Mwaka 1998 watafiti walipendekeza kundi lililoitwa Afrotheria, lenye tembo, perere na pimbi, nguva wa baharini, muhanga, sange mwenye pua ndefu, na wanyama wengine wadogo wanaofanana kwa nje na fuko. Hakuna mtu ambaye angewaweka muhanga na nguva katika zizi moja kwa kuwatazama. Jeni nyingi zisizohusiana ziliwaweka humo, na tangu wakati huo kundi hilo limestahimili kila jaribio zito lililoletwa dhidi yake.

Tembo, nguva na perere ni tawi moja ndani ya Afrotheria. Hilo halina ubishi mkubwa. Lakini ni yupi kati ya hao watatu aliyejitenga kwanza? Uwezekano uko wa aina tatu, na takwimu za vinasaba zimekuwa zikielekea huku na huku, pengine kwa sababu walitengana ndani ya muda mfupi sana kiasi kwamba mabadiliko machache tu yalipata nafasi ya kujiandika katikati. Mchoraji mwaminifu atawachora watatu wakitoka katika panda moja kama vidole, na huo ndio mchoro ambao wanafunzi hudhani kwamba ni kosa la mchapishaji. Panda ya matawi matatu au zaidi kwa kawaida ni ungamo la mchoraji kwamba ushahidi haujatosha kuchagua.

Kwa hiyo usimwambie mgeni kwamba perere ndiye ndugu wa karibu kuliko wote wa tembo. Mwambie kwamba perere na nguva ndio ndugu wa karibu zaidi wa tembo waliobaki duniani.

Kwa nini kufanana peke yake hakutoshi?

Kwa sababu maisha yanayofanana huzaa maumbo yanayofanana. Aliyepanda Kilimanjaro juu ya ukanda wa msitu ameona mimea miwili ya ajabu: senesio mkubwa, Dendrosenecio kilimanjari, na lobelia mkubwa, Lobelia deckenii. Yote miwili imebeba majani yake katika shada kubwa, na yote miwili huyafunga majani usiku ili kukikinga kichipukizi dhidi ya baridi. Wapagazi wengine huiita kaka na dada. Senesio, hata hivyo, ni wa familia ya alizeti, na lobelia ni wa familia nyingine kabisa, na umbo hilo kila mmoja alilipata kwa njia yake. Milima ya Andes huko Amerika Kusini ina mimea ya Espeletia inayofanana na senesio wetu kiasi cha kumdanganya mtu anayeitazama pichani. Nayo ni ya familia ya alizeti, lakini ya tawi jingine lililofika kwenye umbo hilo peke yake.

Kuna namna ya pili ya kudanganyika, na hiyo husahaulika zaidi. Sifa inaweza kuwa imerithiwa kweli, lakini ikawa ya zamani mno kiasi cha kutosema chochote. Mjusi na sokwemtu wote wana vidole vitano, na farasi hana. Hilo haliwafanyi mjusi na sokwemtu wawe ndugu dhidi ya farasi, kwa sababu vidole vitano walikuwa navyo wahenga wa wote, na farasi ndiye aliyevipoteza. Ndiyo maana Hennig alidai sifa mpya. Aliyebaki na urithi wa babu hajathibitisha undugu wa pekee na mwenzake aliyebaki nao pia.

Mnajuaje ni sifa ipi mpya na ipi ya zamani?

Kwa kuweka kwenye mchoro kiumbe ambaye inajulikana kwa ushahidi mwingine kwamba yuko nje ya kundi linalochunguzwa. Tukichunguza undugu wa paka, fisi na nguchiro, tunaweza kumweka mbwa awe kundi la nje. Sifa anayoishiriki mbwa na baadhi yao huelekea kuwa ya zamani. Kundi la nje likichaguliwa vibaya, kwa mfano likiwa mbali mno, mzizi mzima huweza kuhama, na mti wote ukasomeka kinyume.

Miti inayowezekana ni mingapi, na mmoja huchaguliwaje?

Kwa viumbe watatu kuna miti mitatu yenye mzizi. Kwa wanne iko 15, kwa watano 105, na kwa kumi inafika 34,459,425. Wanafunzi hudhani kwamba nimekosea kuandika tarakimu. Kwa ncha hamsini idadi hupita chochote ambacho kompyuta ingeweza kukipitia mmoja mmoja, na kwa hiyo programu hutafuta kwa ujanja, zikianza na mti wa kukisia na kuurekebisha tawi kwa tawi.

Kigezo cha kuchagua kinatofautiana. Kile cha zamani hupendelea mti unaohitaji mabadiliko machache zaidi kuieleza data, na ni rahisi kukieleza ubaoni. Udhaifu wake ni kwamba matawi mawili yaliyobadilika kwa kasi sana huweza kuvutana na kuonekana ndugu kwa sababu ya sadfa nyingi. Vigezo vya baadaye hutumia kielelezo cha hisabati kinachosema herufi za DNA, ile kemikali inayobeba vinasaba, hubadilikabadilika kwa uwezekano gani, kisha huuliza ni mti upi ungeifanya data tuliyo nayo iwe na uwezekano mkubwa zaidi, au huutolea kila mti kiwango cha imani baada ya kuona data. Mimi hupenda kuona mti uliokubaliwa na njia zaidi ya moja. Njia zikipishana, upishano wenyewe ni habari.

Namba zilizoandikwa kwenye matawi zina maana gani?

Mara nyingi ni matokeo ya jaribio lililopendekezwa na Joseph Felsenstein mwaka 1985, ambapo data ileile huchotwa upya mara mia au elfu, kwa kurudia baadhi ya vipande na kuacha vingine, na kila mara mti huundwa tena. Tawi lenye 95 lilijitokeza katika miti 95 kati ya kila 100. Namba hiyo haisemi kwamba tawi lina uwezekano wa asilimia 95 kuwa la kweli. Inasema kwamba data haiyumbi juu yake. Data inaweza kutoyumba na bado ikawa inapotosha.

Urefu wa tawi una maana yoyote?

Inategemea mchoro, na maelezo yaliyo chini yake yasomwe kwanza. Katika michoro mingine urefu ni wa kupendezesha tu. Katika mingine ni kiasi cha mabadiliko ya vinasaba. Katika mingine ni muda. Hiyo ya muda ndiyo inayohitaji tahadhari kubwa kuliko zote, kwa sababu DNA haina kalenda ndani yake. Ni lazima panda fulani ifungwe kwa kisukuku chenye umri unaojulikana, au kwa tukio la kijiolojia, na makosa ya kipimo hicho huenea kwenye mti wote. Mtu anaweza kushawishika kusema kwamba kwa kuwa volkano zilizoijenga Kilimanjaro zilianza kiasi cha miaka milioni 2.5 iliyopita, basi senesio wake hawezi kuwa mkongwe kuliko hapo. Lakini wahenga wa mmea huo wangeweza kuishi katika mlima mwingine kabla ya kufika hapa, na umri wa nyumba si umri wa mpangaji.

Kwa nini mnasema mamba yuko karibu zaidi na ndege kuliko na mjusi?

Kwa sababu panda ya mamba na ndege iko karibu zaidi na ncha kuliko panda inayowakutanisha hao wawili na mjusi. Mamba na ndege wote wana moyo wenye vyumba vinne, na vinasaba vinakubaliana nao. Matokeo yake ni kwamba neno reptilia, likimchukua mjusi, nyoka, kobe na mamba na kumwacha ndege nje, linataja kundi lenye pengo: mhenga yumo, baadhi ya wajukuu wamefukuzwa. Kundi la namna hiyo lina matumizi yake katika mazungumzo, na mimi sitamzuia mtu kulitumia porini, lakini haliwakilishi tawi zima la mti.

Kuna mfano wa vinasaba kuwashangaza hata wataalamu wa ndege?

Uko katika maziwa ya Momella. Heroe, wale ndege warefu wa rangi ya waridi, kwa muda mrefu walihusishwa na korongo au na bata. Uchunguzi wa vinasaba tangu mwanzoni mwa miaka ya 2000 umewaweka pamoja na kibisi, ndege mdogo mnene anayepiga mbizi katika maji hayohayo.

Ikiwa kila jeni imerithiwa, kwa nini miti ya jeni mbalimbali hupingana?

Kwa sababu jeni ina historia yake ndani ya historia ya spishi. Jamii ya wahenga huwa na aina kadhaa za jeni moja, na inapogawanyika, aina hizo hugawanywa kwa bahati. Uchunguzi wa jenomu ya gorila, yaani vinasaba vyake vyote kwa jumla, uliochapishwa mwaka 2012 ulionyesha kwamba katika takriban asilimia 30 ya jenomu, gorila yuko karibu zaidi na binadamu au na sokwemtu kuliko hao wawili walivyo karibu wao kwa wao. Hilo halibadilishi mti wa spishi, ambao unategemea jumla ya ushahidi. Linaonyesha tu kwamba mtu aliyesoma jeni moja na kutangaza undugu amefanya haraka.

Tanzania ina mfano wake. Kipunji, tumbili wa nyanda za juu za kusini, alitangazwa kwa wanasayansi mwaka 2005 na kuwekwa katika jenasi, yaani kundi la spishi za karibu, ya Lophocebus kwa umbo lake. Mwaka 2006, baada ya vinasaba kuchunguzwa, alipewa jenasi yake mwenyewe, Rungwecebus, kwa kuwa alionekana kuwa karibu zaidi na nyani. Kisha DNA ya mitokondria, yaani viungo vidogo vya seli vinavyozalisha nishati, ambayo hurithiwa kwa mama pekee, ikawaonyesha kipunji wa Rungwe wakiwa ndani kabisa ya tawi la nyani wenyewe. Maelezo yaliyopata nguvu ni kwamba zamani kipunji walizaliana na nyani, na mitokondria ya nyani ikabaki katika ukoo wao. Ndani ya miaka mitano hivi mnyama mmoja alikuwa amekalia sehemu tatu tofauti za mti.

Je, kuna viumbe ambao mti hauwafai?

Wako, na mmoja wao yuko kwenye kikombe chako. Kahawa ya Arabika, ambayo wamisionari Wakatoliki waliipanda Kilema mwishoni mwa karne ya 19, ilizaliwa kwa spishi mbili kuchanganyika porini: Coffea canephora, ambayo tunaijua kwa jina la Robusta, na Coffea eugenioides. Kila mmoja wa wazazi hao ana kromosomu, yaani nyuzi zinazobeba vinasaba, 22, na Arabika ina 44. Ukiichora kwenye mti wa kawaida utalazimika kuificha nusu ya ukoo wake. Mchoro sahihi una matawi mawili yanayokutana tena, na huo si mti bali ni wavu.

Migomba ni mtihani mgumu zaidi. Mchare wa Kilimanjaro una seti mbili za kromosomu, zote za Musa acuminata. Mzuzu una tatu, mbili za spishi hiyo na moja ya Musa balbisiana. Wahenga wao wa porini wako kusini mashariki mwa Asia na visiwa vya jirani, na tangu hapo mkulima amekuwa akiipanda kwa machipukizi, kwa hiyo migomba ya kihamba kizima inaweza kuwa mmea mmoja uliogawanywa vipande vingi. Bakteria nao hupeana jeni bila kuzaana. Katika hali hizi mti hubaki kuwa makadirio ya kwanza, na mtafiti husema waziwazi ni sehemu gani ya historia ameiacha nje.

Tembo, kifaru na kiboko ni wa jamii moja, kama nilivyofundishwa?

Zamani waliwekwa pamoja kwa jina lenye maana ya wanyama wa ngozi nene, na baadhi ya wazee wa kazi hii bado hulitumia. Kundi hilo limevunjwa kabisa. Tembo, kama tulivyoona, yuko na perere na nguva. Kifaru, mwenye vidole vitatu kila mguu, yuko na pundamilia, farasi na punda, ambao wamebaki na kidole kimoja. Kiboko ndiye aliyeshangaza zaidi: ushahidi wa vinasaba wa miaka ya 1990, pamoja na vipande vya DNA vilivyojipachika mahali palepale katika jenomu za wanyama hao, ulimweka pamoja na nyangumi na pomboo, kabla hata ya nguruwe ambaye kila mtu alidhani ndiye ndugu yake. Kwa hiyo mgeni anayeangalia bwawa la viboko Ngorongoro, na pundamilia wakiwa nyuma yake ukingoni, anamtazama ndugu wa nyangumi na amempa mgongo ndugu wa kifaru.